Nuru Ndiyo Hoja: Kazuo Miyagawa na Upofu wa Uhakiki wa Filamu

Rashomon ni miongoni mwa filamu chache ambazo hata mhakiki wa fasihi asiyependa sinema huzitaja bila kusita. Huitaja anapofunza nadharia ya usimulizi na kutaka mfano wa msimulizi asiyeaminika. Jambazi anasema lake. Mwanamke anasema lake. Mumewe aliyeuawa anasema lake kwa kinywa cha mpandisha pepo. Mkata kuni naye anasema lake. Basi. Ushahidi mmoja unapingana na mwingine, ukweli unakuwa na sura nyingi, na filamu inafungwa kama kitabu kilichokwisha kazi yake. Ryunosuke Akutagawa hutajwa kwa kuwa ndiye aliyeandika hadithi. Akira Kurosawa hutajwa kwa kuwa ndiye mwelekezi. Mtu asiyetajwa ni yule ambaye bila kazi yake hakuna hata ushahidi mmoja kati ya hizo nne ungefika machoni pa mtazamaji.

Mtu huyo ni Kazuo Miyagawa, mpigapicha wa filamu hiyo. Kutotajwa kwake si jambo la kusahau tu. Ni matokeo ya nadharia mbovu ambayo wahakiki wa fasihi wameihamisha kutoka vitabuni hadi kwenye sinema bila kuichunguza. Makala haya yanadai kwamba uhakiki wa filamu usioweza kueleza kazi ya mpigapicha haujaihakiki filamu. Umehakiki muhtasari wake. Yanadai zaidi kwamba katika kazi za Miyagawa nuru si pambo la hoja iliyokwisha kutolewa na maneno. Nuru yenyewe ndiyo hoja.

Kikombe na Chai

Mzizi wa kosa hili unajulikana na kila aliyepitia darasa la fasihi katika Afrika ya Mashariki. Ni ule mfano uliozoeleka wa kikombe na chai: fani ni kikombe, maudhui ni chai, na anayekunywa huikata kiu yake kwa chai wala si kwa kikombe. Mfano huo umekwisha kupingwa mara nyingi katika uhakiki wa ushairi na riwaya, na leo ni wachache wanaoutetea hadharani. Lakini mawazo yaliyofukuzwa mlangoni yamerudi kupitia dirishani. Mhakiki yule yule anayekiri kwamba vina na mizani ni sehemu ya maana ya shairi, akifika kwenye filamu huuliza kwanza: inasimulia nini? Kisha huuliza: ina ujumbe gani? Akikwisha kujijibu, huongeza aya moja ya adabu kwamba "picha zake zinapendeza." Kupendeza! Mhakiki ambaye angeandika kwamba Utendi wa Mwana Kupona una vina vinavyopendeza, kisha akanyamaza, angechekwa na wanafunzi wake mwenyewe.

Tofauti kati ya filamu na kitabu ni kwamba katika filamu hakuna neno lolote linalomfikia mtazamaji kabla ya nuru. Mhusika hana sura mpaka amemulikwa. Nyumba haina ukubwa mpaka lenzi imeupima. Umbali kati ya mume na mke haupo katika mswada; upo katika fremu. Kwa hiyo yule anayeamua mwanga utoke wapi, lenzi iwe ipi, kamera isimame au itembee, hapambi habari iliyokwisha kamilika. Anaamua kile kitakachoweza kujulikana na kile kitakachobaki gizani.

Fundi Aliyeanzia Maabarani

Miyagawa alizaliwa Kyoto mwaka wa 1908. Tangu utotoni alijifunza uchoraji wa wino mweusi wa Kijapani, sanaa ambayo humfunza mchoraji kupata rangi nyingi kutokana na wino mmoja kwa kuuzidisha au kuupunguza maji. Mwaka wa 1926 aliingia katika kampuni ya Nikkatsu, naye hakuanzia kwenye kamera. Alianzia maabarani, mahali pa kusafishia filamu, mikono yake ikiwa ndani ya dawa. Baadaye akawa msaidizi wa mpigapicha, na katikati ya miaka ya 1930 akawa mpigapicha kamili. Kampuni ya Daiei ilipoundwa mwaka wa 1942 alijikuta ndani yake, na humo alifanya kazi mpaka ilipofilisika mwaka wa 1971. Baada ya hapo aliendelea kupiga picha, hasa pamoja na mwelekezi Masahiro Shinoda, na alikuwa bado kazini katika miaka ya 1980. Alifariki mwaka wa 1999, akiwa amepiga picha za filamu zaidi ya 100.

Orodha ya waelekezi aliofanya nao kazi ni kama orodha ya sinema yenyewe ya Japani: Hiroshi Inagaki, Akira Kurosawa, Kenji Mizoguchi, Yasujiro Ozu, Kon Ichikawa. Watu hawa hawakufanana. Kurosawa alipenda mwendo, upepo na jasho. Mizoguchi alipenda picha ndefu zisizokatwa. Ozu aliiweka kamera chini, karibu na mkeka, akaikataza isitembee. Wahakiki wanaitumia orodha hii kama ushahidi dhidi ya Miyagawa. Husema: tazameni, huyu hana mtindo wake; anamtii kila anayemwajiri; basi ni fundi, wala si msanii. Dai hili litajibiwa mahali pake. Kwanza ni lazima Rashomon itazamwe upya, kwa macho safari hii.

Nuru Tatu za Rashomon

Filamu ya Rashomon ya mwaka wa 1950 ina mahali patatu tu: lango lililobomoka, uwanja wa mahakama, na msitu. Mhakiki anayesoma mswada huona mahali patatu pa kutendekea mambo. Anayetazama picha huona nadharia tatu za kujua.

Msituni nuru haitulii. Mkata kuni anatembea na shoka begani, na kamera inamfuata kwa nyuma, inamtangulia, inapita ubavuni mwake, inatazama juu kwenye majani ambako jua linawaka na kuzimika. Kupata nuru hiyo, Miyagawa alitumia vioo kulirudisha jua lenyewe na kulipitisha kati ya matawi, ili madoadoa ya mwanga na kivuli yaanguke juu ya nyuso. Kisha akaielekeza kamera kwenye jua, jambo ambalo wapigapicha wa wakati ule waliliogopa. Hayo yanatokea kabla jambazi hajasema neno lake la kwanza mbele ya hakimu. Mtazamaji ameingizwa msituni, amepumbazwa na mwanga, na jicho lake limekwisha kufunzwa kwamba mahali hapa kuona si kujua. Kurosawa mwenyewe, katika kitabu chake cha kumbukumbu, aliisifu sehemu hiyo ya mwanzo kwa namna inavyomwongoza mtazamaji kuingia katika ulimwengu ambamo moyo wa binadamu hupotea njia. Anasimulia pia kwamba wakati wa kazi Miyagawa alikuwa na wasiwasi kama picha zake zinaridhisha, kwa sababu mwelekezi alikuwa kimya. Kurosawa aliposikia, alimpa alama zote mia. Basi mwelekezi alijua. Ni wahakiki wake waliosahau.

Mahakamani ni kinyume. Ardhi imefagiwa, ukuta ni mweupe, jua limeenea sawasawa, na kivuli hakipo cha kumficha mtu. Mashahidi wamepiga magoti wakiitazama kamera. Hakimu haonekani wala hasikiki. Wanaomjibu wanamjibu mtazamaji. Hapa kila kitu kinaonekana, na hapa ndipo uongo unaposemwa. Tafakari ya filamu kuhusu ukweli imo katika mgongano huo wa nuru mbili: mahali jambo lilipotendeka hapaonekani sawasawa, na mahali panapoonekana sawasawa hapana jambo lililotendeka, yapo maneno tu. Langoni nako kuna nuru ya tatu, ya kijivu na mvua nzito iliyotiwa wino ili ionekane dhidi ya anga. Huko hakuna mwanga wa kupumbaza wala wa kufichua. Wapo watu watatu waliochoka wanaojaribu kuelewa.

Mwenye kudhani kwamba haya yote yamo katika hadithi ya Akutagawa na airudie hadithi hiyo. Hadithi ya kichakani, iliyochapishwa mwaka wa 1922, ina maelezo saba ya mashahidi yaliyowekwa moja baada ya jingine. Haina lango, lango limetoka katika hadithi nyingine ya mwandishi huyo huyo, ya mwaka wa 1915. Maneno yake yanaweza kutaja mwanga, lakini hayawezi kumfanya msomaji apepese macho.

Kuna jambo zito zaidi, ambalo uhakiki wa kikombe na chai hauwezi hata kuliuliza. Katika ushahidi wa jambazi, mwanamke anakabwa na kubusiwa kwa nguvu. Macho yake yako wazi yakilitazama jua kupitia matawini, jua linawaka, kisu kinaponyoka mkononi mwake na kuanguka. Picha hiyo ni tamu kwa jicho. Lakini ni nani anayesimulia? Ni jambazi, mtuhumiwa wa ubakaji, anayetaka hakimu aamini kwamba mwanamke alilegea kwa kupenda. Hapa picha haishuhudii ukweli. Inaushuhudia uongo, na kuufanya upendeze. Anayefunza filamu hii kama mfano wa maneno yanayopingana, huku akiziacha picha kama kwamba hazina upande, amempa jambazi ushindi asioujua. Katika maelezo ya mkata kuni, wanaume wale wale wanapigana wakitetemeka, wakihema, wakitambaa kwa woga, nao wamepigwa picha bila mapambo. Kutoaminika kwa msimulizi, ambako wanafunzi hukukariri mitihanini, kunapatikana katika tofauti ya picha hizo mbili. Hakupatikani katika maneno peke yake.

Je, Abadilikaye Hana Mtindo?

Sasa lijibiwe dai la fundi asiye na mtindo. Wanaolitoa huamini kwamba mtindo ni kama saini: alama ile ile inayorudiwa chini ya kila hati. Kwa kipimo hicho, anayetembeza kamera msituni kwa Kurosawa na kuituliza kabisa kwa Ozu hana saini. Lakini mtindo si saini tu. Mtindo ni namna ya kusoma. Miyagawa alikuwa msomaji, na kila mswada aliusoma kwa nuru iliyoufaa.

Ichukuliwe Ugetsu ya Mizoguchi, ya mwaka wa 1953, iliyotokana na hadithi za Ueda Akinari za karne ya 18. Mfinyanzi Genjuro amerudi kijijini baada ya vita na baada ya kuponea chupuchupu mapenzi ya mzuka. Anaingia nyumbani mwake, anaita, hajibiwi. Mekoni ni majivu matupu. Anatoka kwa nyuma na kuizunguka nyumba. Kamera inabaki ndani, ikigeuka polepole kumfuata kwa kupitia matundu ya ukuta, na inapofika tena mlangoni, mahali pale pale palipokuwa patupu pamewaka moto, na mkewe Miyagi ameketi akipika. Picha haikukatwa. Asubuhi Genjuro anaambiwa kwamba mkewe alikwisha kuuawa.

Kama picha hiyo ingekatwa, mtazamaji angesema: huo ni ujanja wa sinema, mzuka umeletwa. Kwa kuwa haikukatwa, marehemu amepewa uzito ule ule wa ukuta, wa jiko na wa mume aliye hai. Wafu na walio hai wamo katika nyumba moja, katika pumzi moja ya kamera. Mzungumzo wa wahusika hautoi hoja hiyo. Hoja imo katika mwendo wa kamera na katika uamuzi wa kumulika mahali palipokuwa giza. Mizoguchi alidai mengi kwa waigizaji na waandishi wake, lakini katika upangaji wa fremu alimwachia Miyagawa uhuru mkubwa. Katika Sansho Dayu, ya mwaka wa 1954, mama kipofu na mwanawe wanapokumbatiana baada ya miaka ya utumwa, kamera haing'ang'anii machozi yao. Inawaacha, inageukia ufuo na bahari, na mtu anayefanya kazi yake ya kila siku. Msiba wa watu wawili unawekwa ndani ya dunia isiyosimama kwa ajili ya msiba wa mtu. Mhakiki wa ujumbe ataandika kwamba filamu inapinga utumwa. Ni kweli inaupinga. Lakini picha hiyo ya mwisho inasema neno gumu zaidi kuliko hilo, naye hakulisikia.

Sasa ilinganishwe mvua na mvua. Mvua ya lango la Rashomon ni nyeusi, nzito, inaanguka kama hukumu juu ya mbao zilizooza. Mwaka wa 1959 Miyagawa alipiga picha za Ukigusa, filamu ya rangi, ambayo ndiyo pekee aliyofanya pamoja na Ozu. Mkuu wa kikundi cha waigizaji wasafiri na mwanamke wake wanagombana. Mmoja amesimama chini ya upenu wa upande huu wa kichochoro, mwingine chini ya upenu wa upande wa pili. Kati yao mvua inanyesha. Kamera haitembei, kama kawaida ya Ozu. Wanatupiana maneno ya kudhalilishana, wanakwenda na kurudi kila mmoja chini ya upenu wake, wala hakuna anayevuka. Mvua hii si hukumu. Ni ukuta unaoonekana, mwembamba kiasi cha kupitisha matusi na mzito kiasi cha kuzuia suluhu. Ni mpigapicha mmoja, ni maji yale yale, na maana ni mbili. Mwenye kusema kwamba mtu huyo hana mtindo amechanganya mtindo na mazoea.

Uvivu wa "Wino wa Kijapani"

Wapo wahakiki wengine ambao humtaja Miyagawa na kumsifu, lakini sifa yao ni mbaya kuliko kimya. Hao husema: alijifunza uchoraji wa wino, basi picha zake ni michoro ya wino iliyopewa mwendo, ni roho ya Japani ikijidhihirisha. Ukungu wa ziwani katika Ugetsu huletwa kama shahidi. Kisha mhakiki huinua kalamu, ameridhika, kwa kuwa amelipatia taifa kile alichomnyima mtu.

Hoja hii inapaswa kujulikana vizuri na wasomi wa Afrika, kwa kuwa ni hoja ile ile iliyotumiwa kueleza vinyago na ngoma zao: msanii hana akili yake binafsi, ana kabila. Wino ulimfunza Miyagawa jambo kubwa, nalo ni kuhesabu daraja za kijivu kati ya nyeupe na nyeusi. Lakini wino haukumfunza kemia. Mwaka wa 1960, kwa ajili ya Ototo ya Kon Ichikawa, iliyotokana na riwaya ya Aya Koda, ilihitajika rangi iliyofifia, rangi ya enzi ya Taisho inayokumbukwa kwa mbali. Katika usafishaji wa kawaida wa filamu ya rangi, madini ya fedha yaliyomo katika ukanda huondolewa kwa dawa na kuacha rangi peke yake. Hatua hiyo ilirukwa, na fedha ikabaki. Nyeusi ikawa nzito, rangi zikapauka, na picha ikapata sura ya kitu kilicho nusu rangi na nusu kumbukumbu. Njia hiyo ilikuja kutumiwa baadaye na wapigapicha wa nchi nyingine. Roger Deakins aliitumia katika filamu iliyotokana na riwaya ya George Orwell, Nineteen Eighty-Four, mwaka wa 1984. Roho ya taifa haibaki ndani ya dawa za maabara. Aliyeyajua hayo ni kijana aliyeanza kusafisha filamu mwaka wa 1926, na mzee aliyekuwa bado anajaribu zaidi ya miaka 30 baadaye.

Kuna mfano mwingine, mzito kwa yeyote aliyewahi kuandika chini ya jicho la serikali. Mwaka wa 1943, katikati ya vita, Miyagawa alipiga picha za filamu ya Inagaki kuhusu Matsugoro, mvuta rikisho maskini anayempenda kimyakimya mjane wa afisa wa jeshi. Wachunguzi wa serikali waliikata sehemu ambamo Matsugoro anaufichua moyo wake. Haikufaa mtu wa chini kumpenda mjane wa afisa wakati taifa linapigana. Baada ya vita, utawala wa Wamarekani nao ulikata sehemu nyingine kwa sababu zake. Kilichobaki ni picha. Gurudumu la rikisho linazunguka, linapungua mwendo, linasimama. Matsugoro anapofikia kufa, maisha yake yanarudi katika picha zilizopandishwa moja juu ya nyingine, na katika picha hizo mjane yupo, mtoto wake yupo, gurudumu lipo. Aliyeshika mkasi alijua kusoma maneno. Hakujua kusoma nuru. Mhakiki anayesoma maneno peke yake anajiweka, bila kukusudia, upande wa mwenye mkasi.

Pingamizi na Jibu Lake

Pingamizi moja linastahili heshima. Litasemwa hivi: makala haya yanamng'oa mwelekezi kwenye kiti cha mtunzi na kumkalisha mpigapicha, tofauti iko wapi? Tena Miyagawa hakuwa peke yake. Katika Rashomon alikuwapo fundi wa taa, Kenichi Okamoto. Katika Yojimbo, ya mwaka wa 1961, Kurosawa alitumia zaidi ya kamera moja, na Takao Saito alikuwa nyuma ya mojawapo. Kagemusha, ya mwaka wa 1980, ilipigwa kwa sehemu kubwa na wengine baada ya Miyagawa kulemewa na maradhi ya macho.

Yote hayo ni kweli, nayo hayaivunji hoja, yanaitia nguvu. Haidaiwi hapa kwamba mfalme mmoja aondolewe ili mwingine atawazwe. Inadaiwa kwamba kiti chenyewe ni cha uongo. François Truffaut aliposhambulia sinema ya waandishi wa miswada nchini Ufaransa mwaka wa 1954, alikuwa na vita vyake, na wakati ule vilikuwa vya haki. Andrew Sarris alipoigeuza vita hiyo kuwa nadharia nchini Marekani mwaka wa 1962, mwelekezi alikwisha kuwa mtunzi pekee. Kichekesho ni kwamba wasomi wa fasihi walimzika mwandishi kwa shangwe tangu insha ya Roland Barthes ya mwaka wa 1967, kisha wakamfufua sinemani na kumvika kofia ya mwelekezi. Kitabuni hawamtaki mtunzi ambaye kweli aliandika peke yake. Katika filamu wanamng'ang'ania mtunzi mmoja mahali walipofanya kazi watu wengi.

Idara za fasihi za Afrika ya Mashariki ndizo zenye udhuru mdogo kabisa. Mwaka wa 1968, Ngũgĩ wa Thiong'o, Henry Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong walidai katika Chuo Kikuu cha Nairobi kwamba fasihi ya Afrika, pamoja na fasihi simulizi, iwe kiini cha masomo. Kutokana na madai ya namna hiyo, vizazi vya wanafunzi vimefunzwa kwamba ngano haiishi karatasini. Huishi kwa fanani. Sauti yake, kimya chake, mkono wake na namna anavyoitazama hadhira ni sehemu ya maana. Hakuna mtahini anayekubali tasnifu ya fasihi simulizi iliyoandikwa kwa muhtasari wa ngano pekee, bila fanani na bila utendaji. Msomi huyo huyo, akisimamia tasnifu kuhusu filamu, huikubali kurasa kwa kurasa za muhtasari. Zana za kumsoma Miyagawa ziko mikononi mwake tayari. Hazitumii kwa sababu haamini kwamba mashine inaweza kuwa na fanani nyuma yake.

Hitimisho

Mwaka wa 2018 jiji la New York liliandaa maonyesho maalumu ya filamu zilizopigwa na Miyagawa, katika Jumba la Sanaa za Kisasa na katika Japan Society. Filamu zilipangwa chini ya jina la mpigapicha, na filamu za Kurosawa, Mizoguchi, Ozu na Ichikawa zikaonekana kwa mara moja kuwa na jicho la pamoja. Waliopanga maonyesho hayo hawakuleta nadharia mpya. Walibadilisha swali, na majibu yakabadilika.

Uhakiki wa filamu katika idara za fasihi unaweza kubadilisha swali vilevile, na gharama yake si kubwa. Mtahiniwa anayeandika kuhusu filamu na atakiwe kwanza kueleza picha moja, kutoka mwanzo wake hadi mwisho wake: mwanga unatoka wapi, kamera imesimama wapi, nani anaonekana na nani amefichwa, picha imekatwa lini na kwa nini haikukatwa kabla. Ajue jina la aliyeipiga. Kisha, akikwisha kufanya hayo, azungumze kuhusu dhamira. Asiyeweza kulipita jaribio hilo hajaitazama filamu, hata kama ameihesabu mashahidi wake wote.

Wahenga walisema: mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Miyagawa hakuwa mnyonge, na sifa za wahakiki hazimwongezei kitu sasa. Haki inayodaiwa hapa ni ya mwanafunzi atakayeketi kesho mbele ya Rashomon, jua likimwaka machoni kupitia matawini, na mwalimu wake akimwambia afungue daftari aandike nani alisema nini.